Brötchen za Kijerumani: ganda linalegea baada ya nusu saa. Tatizo ni unga, mvuke au hewa ya Dar?

#1 MamaJiko_Segerea (mleta mada)
Wakuu salaam. Video zimenichosha, kila mpishi anasema lake, nimeona nilete hapa.

Mume wangu alisoma Ujerumani na kila Jumapili asubuhi lazima azitaje brötchen: vimkate vya ngano saizi ya ngumi, ganda jembamba linalovunjika ukilibana, ndani nyeupe na nyepesi, havina sukari wala maziwa. Nimejifunza kuvioka. Sura inatoka, rangi si mbaya. Shida ni ganda. Vikitoka kwenye oveni vinalia vizuri tu, nusu saa baadaye vimelegea, ukipasua unapata skonzi isiyo na sukari.

Natumia unga wa ngano wa kawaida, hamira ya pakiti, chumvi, maji na kijiko cha mafuta. Oveni ya gesi, naifungulia hadi mwisho. Msimamo wangu: unga wetu ndio hauwezi kazi hii. Anayebisha aje na sababu.

#2 Kijana_wa_Ubungo
Nimeweka kiti hapa. Ngoja waokaji waje.

#3 Altona_Mswahili (Hamburg)
Dada, unga usiusingizie. Huku wanatumia unga wa Type 550, ukiushika mkononi huoni tofauti ya kutisha na wa kwetu. Ugonjwa wako ni mvuke.

Mkate ukiingia kwenye oveni kavu, ngozi ya juu inakauka kabla haujamaliza kutanuka. Ukiingia kwenye mvuke, unyevu unatua juu yake, wanga wa juu unageuka uji mwembamba, na uji huo ukikauka ndio unakuwa ganda linalong'aa na kuvunjika. Waokaji wa huku wanapuliza mvuke mwanzoni, halafu dakika za mwisho wanafungua tundu utoke wote. Hiyo nusu ya pili watu wanaisahau: mvuke ukibaki hadi mwisho, unatoa mkate uliochemshwa.

#4 Kijana_wa_Ubungo
Type 550 ndio protini asilimia 5.5? Basi ni hafifu kuliko wetu.

#5 Gramu_kwa_Gramu
Hapana mkuu. Ile namba haihusu protini. Unga unachomwa mpaka yabaki majivu, majivu yanapimwa. 550 ni takriban miligramu 550 za madini katika gramu 100 za unga mkavu. 405 ni mweupe zaidi, wa keki. 1050 una pumba kiasi na rangi ya kijivukijivu. Protini ya 550 mara nyingi inacheza kwenye 10 hadi 11 na kitu.

Mleta mada, geuza pakiti usome nyuma. Ukikuta 10 au 11, unga wako hauna kesi.

#6 MamaJiko_Segerea
Imeandikwa 10.5. Lakini bado sijashawishika. Wa kwao unasagwa ukilenga mkate, wetu unalenga chapati na maandazi, unga ulainike. Namba kufanana si kwamba unga ni mmoja.

#7 MtuWaForodhani
Jamani mie nauliza tu, hiyo si boflo? Mnazunguka Ujerumani nzima kutafuta kitu kipo Darajani asubuhi, kina moto.

#8 Altona_Mswahili
@MtuWaForodhani boflo ni ndugu wa mbali. Nikirudi likizo nalila kwa supu bila malalamiko. Ila hapa Hamburg ukisema brötchen zote ni mamoja utafukuzwa dukani. Hapa kuna Rundstück, Berlin wana Schrippe, Bavaria ni Semmel, Waswabia wanasema Weckle. Na kila mmoja anaapa ya kwao ndiyo yenyewe.

#9 MtuWaForodhani
Majina yote hayo ya boflo moja 😂

#10 Mzee_wa_Kikwajuni
Vijana, mimi nilisoma Leipzig mwanzoni mwa miaka ya 80. Tulianzia Herder-Institut kujifunza lugha, kisha kila mtu akaenda chuo chake. Wakati huo brötchen moja ilikuwa pfenigi 5, bei ya serikali, haipandi wala haishuki. Zilikuwa ndogo, nzito, zinaokwa zimeungana mbili mbili, unazimega katikati. Ganda lilikuwa ganda.

Baada ya ukuta wa Berlin kuanguka 1989 zikaingia za magharibi, kubwa, zimejaa upepo. Nilirudi kutembea nikakuta baadhi ya maduka yanauza tena zile za zamani kwa sababu watu walizililia. Sasa mnisikilize: Leipzig ile ile, mvuke ule ule, mkate mwingine. Kilichobadilika ni muda wa kuumua, na madawa wanayotia.

#11 Kijana_wa_Ubungo
Shikamoo mzee. Ulienda kusomea nini, uhandisi au mikate?

#12 Mzee_wa_Kikwajuni
Marahaba. Uhandisi. Ila tumbo la mwanafunzi linajua bei za mkate kuliko hesabu za chuma. Hizo nyumba za maendeleo za Kikwajuni na Michenzani walitujengea Wajerumani Mashariki hao hao. Tanuri la mkate hawakutuachia.

#13 FundiOveni_Kkoo
Mnabishana unga na mvuke, hakuna aliyeuliza swali la kwanza: oveni yake ina joto gani KWELI? Natengeneza oveni kila siku. Mtu anazungusha kitufe mpaka 250, ndani kipimajoto kinasoma 190. Raba ya mlango imechoka, tundu la gesi lina masizi, joto linatokea mgongoni. Brötchen inataka 230 na kuendelea, itoke ndani ya dakika 20. Kwa 190 itakaa nusu saa na zaidi, inakauka polepole ndani, ganda linakuwa nene na gumu, halafu linalegea.

Nunua kipimajoto cha kutundika ndani ya oveni. Bei yake haizidi unga ulioharibu.

#14 Altona_Mswahili
Fundi naunga mkono nusu. Joto muhimu, ila joto bila mvuke halisaidii.

#15 FundiOveni_Kkoo
Na mvuke kwenye oveni ya gesi unakaa wapi mkuu? Oveni ya gesi lazima ipumue, hewa ya moto inatoka muda wote. Ukimwaga maji chini, mvuke unapita na hewa hiyo, unaishia jikoni kwako. Umeme sawa, unabaki. Kwa gesi, funika mikate yenyewe: pasha sufuria zito lenye mfuniko humo humo, ingiza mikate, funika dakika 10, kisha funua. Unyevu wa mkate wenyewe unatosha.

#16 Njoki_Karen (Nairobi)
Habari zenu majirani. Mimi naoka hizi kwa gesi, bila sufuria, unga wa kawaida wa dukani, na ganda langu linakaa mpaka mchana. Tofauti yetu na Dar ni hewa. Nairobi iko karibu mita 1,800 juu ya bahari na hewa yetu si nzito kama ya Pwani. Ganda kavu likikutana na hewa yenye maji litayanywa, hata uoke na nani. Nilipoenda kwa dada yangu Mombasa nikaoka kwa vipimo vile vile, zililegea upesi.

Hapa shida yangu ni nyingine: unga unaumuka haraka mno kwa sababu hewa ni nyepesi, usipoangalia unapitiliza.

#17 Altona_Mswahili
@Njoki_Karen Hamburg kunanyesha hata kwenye harusi ya waziri, mbona ganda liko?

#18 Njoki_Karen
Halafu Hamburg mnazila saa ngapi? Asubuhi, zikiwa bado za moto. Nani anazionja jioni?

#19 Mwanagenzi_Ulm
Sasa hapo Njoki ameshika penyewe. Mimi ni Mkenya, nasomea uokaji huku Ulm, ni mafunzo ya miaka mitatu. Brötchen haijaundwa ikae. Baada ya saa nne tano hivi imeshalegea hata hapa, jioni unaivuta kama raba. Ndiyo maana watu wanapanga foleni asubuhi, na hata Jumapili, maduka mengine yakiwa yamefungwa, mwokaji anaruhusiwa kufungua kwa saa chache. Iliyolala unainyunyizia maji na kuirudisha kwenye oveni dakika tano, inafufuka mara moja tu.

Kwa hiyo dada, nusu saa ni mapema mno, lakini usitegemee ikae mpaka chakula cha jioni.

Kuhusu "madawa" ya mzee: mengi ni vitamini C, ambayo inakaza unga ubebe hewa zaidi, na unga wa kimea, yaani nafaka iliyooteshwa. Kimea ndicho naona mnakisahau. Kina vimeng'enya vinavyokata wanga kuwa sukari, hamira inapata chakula na ganda linapata rangi mapema. Bila kimea unasubiri rangi, ukisubiri rangi unakausha mkate. Mimi naweka kura yangu kwa kimea na muda.

#20 Kijana_wa_Ubungo
Mwanagenzi, ni kweli mnaingia kazini saa nane usiku?

#21 Mwanagenzi_Ulm
Kweli kabisa. Zamani ilikatazwa na sheria kuoka kati ya saa nne usiku na saa kumi alfajiri, ikafutwa 1996. Wazee wa hapa kazini wanaikumbuka kwa machozi. Siku hizi tunakata na kuviringa jana yake, trei zinalala kwenye chumba baridi, alfajiri ni kuoka. Ladha inajengeka humo humo kwenye baridi.

Halafu kuviringa kwenyewe ndiko kulikonitoa jasho. Unaweka donge moja chini ya kila kiganja, vidole vimejikunja juu yake, meza ISIWE na unga mwingi, unazungusha kwa nje huku ukibana kidogo. Donge linashika meza kwa chini, na kushika huko ndiko kunakovuta ngozi ya juu ikakaza. Ukitia unga mwingi linateleza, halikazi, na kwenye oveni linatambaa badala ya kupanda. Baadaye unalipumzisha, unalirefusha kidogo ncha zikiwa nyembamba, unaliumua mshono ukiwa juu, kisha unaligeuza. Wembe unaulaza, usiusimamishe: mkato mmoja kwa urefu, kina cha nusu sentimita, mkono usisite katikati. Ukiulaza, mdomo mmoja wa mkato unanyanyuka na kuungua kidogo. Hapo ndipo panapovunjika zaidi mdomoni.

#22 MamaJiko_Segerea
Asante Mwanagenzi, hii ya unga mezani nimeielewa. Kimea cha Kijerumani napata wapi hapa Dar?

#23 Ndugu_wa_Marangu
Kimea unakitafuta Ujerumani wakati Uchagani tunacho tangu enzi za mababu? Kimea cha ulezi cha mbege, pombe yetu ya ndizi. Ulezi unalowekwa, unaachwa uote, unaanikwa, unasagwa. Kazi yake ni hiyo hiyo aliyosema Mwanagenzi, kukata wanga uwe sukari. Kilichoanikwa juani ndicho kizuri. Kilichokaangwa vimeng'enya vyake vimekufa, kinabaki rangi na harufu tu.

#24 MtuWaForodhani
Sasa mnataka tule mkate wa mbege. Astaghfirullah.

#25 Ndugu_wa_Marangu
Kimea ni nafaka iliyoota, sheikh, pombe ni hatua ya mbele sana. Uji wa watoto pia unatiwa kimea usiwe mzito.

#26 Gramu_kwa_Gramu
Angalizo: kimea ni kidogo, gramu 5 kwa nusu kilo ya unga zinatosha. Kikizidi, ndani ya mkate kunakuwa na utelezi, kisu kinatoka na gundi. Na atakayetumia kimea cha mtama badala ya ulezi atoe mizizi na machipukizi yote kabla ya kusaga, yana sumu ya sayanidi.

Halafu mleta mada, kile kijiko cha mafuta. Kijiko kizima kwa unga kiasi gani? Mafuta yanalainisha ganda. Na ukitoa unaziweka wapi? Usiniambie kwenye hotipoti.

#27 MamaJiko_Segerea
Hotipoti ni ya chapati, sijafika huko mkuu 😂 Naziweka kwenye waya, hewa inapita chini. Mafuta ni kijiko kimoja cha chakula kwa nusu kilo.

#28 Mwanagenzi_Ulm
Mafuta hayo si mengi sana. Hapa pia tunatia kidogo, wengine siagi, wengine mafuta ya nguruwe. Siwezi kumtia hatiani kijiko kimoja.

#29 Gramu_kwa_Gramu
Mimi nimemtia. Brötchen nyingi za nyumbani hazina tone la mafuta na zinavunjika vizuri.

#30 Mama_Tausi_Tanga
Mnaongea sana vipimo hamtoi. Mtu aweke vipimo tuoke.

#31 Altona_Mswahili
Haya mama, hivi ndivyo ninavyofanya, nimevirekebisha kwa joto la kwenu.

Jioni: unga gramu 150, maji gramu 150, hamira chembe tu, unayoshika kwa ncha ya vidole viwili. Koroga, funika. Huku naacha mezani usiku kucha. Dar acha saa moja kisha tia kwenye friji, la sivyo asubuhi unakuta pombe.

Asubuhi: ongeza unga gramu 350, maji ya friji gramu 150, chumvi gramu 10, hamira gramu 3, kimea gramu 5 kama unacho, siagi gramu 10 kama hamgombani na Gramu. Kanda dakika 10 mpaka ulainike na usishike bakuli. Unga huu ni mkavu kuliko wa mikate ya siku hizi ya video, maji ni asilimia 60 tu ya unga. Usiongeze kwa huruma. Pumzisha saa moja, Dar angalia ukiwa umekaribia kuwa mara mbili. Kata vipande 9 vya gramu 90 hivi, viringa alivyosema Mwanagenzi. Umua tena, lakini toa ikiwa bado ina nguvu: bonyeza kwa kidole, shimo lirudi taratibu lisiishe. Oveni iwe imeshika moto nusu saa nzima, 230 hadi 240. Mvuke dakika 10, kisha fungua mlango utoke, malizia dakika 8 hadi 10.

Maji ya mvuke myamwage kwenye trei ya chuma iliyopashwa chini, yawe ya moto, na kioo cha mlango ukifunike kwa taulo kavu wakati wa kumwaga. Tone moja baridi kwenye kioo cha moto na unanunua mlango.

#32 FundiOveni_Kkoo
Waje tu, milango ipo 😂

#33 Kijana_wa_Ubungo
Zikishatoka wanazila na nini?

#34 Altona_Mswahili
Siagi na jamu, jibini, yai. Hapa bandarini wanatia samaki, heringi wa siki na vitunguu, Jumapili alfajiri pale Fischmarkt foleni ndefu. Wengine wanapaka Mett, nyama mbichi ya nguruwe ya kusaga na vitunguu.

#35 MtuWaForodhani
MBICHI? Mie nilikuwa nimeanza kushawishika. Narudi kwenye boflo langu na urojo.

#36 Ndugu_wa_Marangu
Kuna zile za kahawia zenye chumvi kubwa juu. Mnazitengenezaje?

#37 Mwanagenzi_Ulm
Hizo ni Laugenbrötchen. Kabla ya kuoka zinachovywa kwenye maji ya kostiki soda, asilimia 3 hadi 4, glavu na miwani lazima. Nyumbani watu wanachemsha maji na soda ya kupikia, rangi inapungua kidogo lakini salama.

#38 Mama_Tausi_Tanga
Magadi ya maharage je? Ni makali kuliko soda ya dukani.

#39 Gramu_kwa_Gramu
Makali ndiyo, kemikali ni jamaa moja. Ila magadi ghafi ya ziwa yana floridi nyingi, ndiyo hiyo inayoharibu meno ya watoto huko Arusha na Kilimanjaro. Tumia soda ya dukani uipashe kwenye oveni saa moja, inapoteza gesi na maji, inakuwa kali zaidi. Usiishike kwa mkono mtupu.

#40 Mama_Tausi_Tanga
Sawa. Anayetaka mkate wa Kijerumani bila kuhangaika apande Lushoto, pale Irente wanauza mkate wa rai (rye), jibini na jamu. Unakula ukiangalia bonde la Mazinde.

#41 MamaJiko_Segerea
Mrejesho wakuu. Nimefuata vipimo vya Altona, nimetia kimea cha ulezi, nimefunika kwa sufuria alivyosema fundi, na kipimajoto nimenunua: oveni yangu inaishia 215. Mafuta sikutia. Ganda limekaa karibu saa mbili kabla ya kulegea. Mume amekula nne akanyamaza, hiyo kwake ni sifa.

#42 FundiOveni_Kkoo
215! Nilisema. Ilete nisafishe tundu, ufike 240.

#43 Ndugu_wa_Marangu
Kimea hicho, dada.

#44 Gramu_kwa_Gramu
Ametoa mafuta. Mbona hakuna anayelitaja?

#45 Mzee_wa_Kikwajuni
Unga umelala usiku kwenye friji. Nyie endeleeni kugombea sifa.

#46 Njoki_Karen
Na saa mbili ndio umelegea. Hewa. Hapa kwangu ingefika mchana.

#47 MamaJiko_Segerea
Na unga je? Safari hii nilinunua wa waokaji wa mikate, gunia dogo, si ule wa mwanzo 😂 Kwa hiyo msimamo wangu haujafa.

#48 Altona_Mswahili
Dada umebadilisha vitu sita kwa mpigo, sasa tutajuaje? Rudia na unga ule wa zamani, mengine yote yabaki.

#49 MamaJiko_Segerea
Nitarudia wikiendi. Mume anataka zenye mbegu nyeusi juu. Shemeji yake anakuja kutoka Berlin kupitia Dubai, nimwagize?

#50 Salalah_Boy
Msimwagize! Hizo ni mbegu za mpopi, mmea unaotoa afyuni. Imarati (Falme za Kiarabu, Dubai ikiwemo) zimepigwa marufuku kama dawa za kulevya. Asiziweke hata kwenye begi la kupita.

#51 MtuWaForodhani
Ufuta upo sokoni Darajani, haujawahi kumfunga mtu. Lowesha juu kwa maji, uchovye, uoke.

#52 Mwanagenzi_Ulm
Ufuta tunatumia hata hapa. Chovya kabla ya kuumua mara ya mwisho, sio baada, ukisubiri utazibonyeza hewa itoke.